Kwenye Keki Yupo Yeye, Mimi Simo

Shangazi, hujambo?

Nina miaka 29, nauza dawa kwenye duka moja la dawa hapa Kisumu, upande wa Kondele. Mchumba wangu ni fundi wa umeme. Tunafunga ndoa Desemba, Jumamosi ya pili: asubuhi kanisani hapa mjini, halafu karamu nyumbani kwao, mbele kidogo ya Chavakali. Mahari imeshazungumzwa, kamati inakutana kila Alhamisi, gauni liko kwa mshonaji. Kinachonikosesha usingizi ni kitu kisichozidi urefu wa kiganja.

Ili unielewe lazima nikueleze tulivyo. Mimi ni mrefu, sentimita 178. Mwili ninao wa kutosha, weusi wangu ni ule wa chungu kilichozoea meko, na nywele nilinyoa nikiwa kidato cha kwanza, sijaona sababu ya kuzirudisha. Yeye ni sentimita 168, mwembamba, maji ya kunde, ana miwani na ndevu chache za kidevuni anazozitunza kama shamba la chai. Tukipita Oginga Odinga Street kuna watu hugeuka. Tumezoea. Tena ni yeye mwenyewe aliyesema juu ya keki tuweke sanamu ya watu wawili wanaofanana na sisi, "ili wageni wajue hii keki si ya kukodi."

Tukaanza kutafuta mwezi wa nane. Madukani mjini tulikuta Wazungu wa plastiki wenye nywele za manjano. Duka la tatu lilikuwa na jozi moja ya watu weusi, lakini bwana harusi alikuwa mrefu kama mnazi na bibi harusi ana kiuno cha nyigu. Palikuwa na nyingine ya vichekesho, bibi harusi anamburuta mumewe kwa ukosi wa shati. Mimi na urefu wangu huu, mbele ya mama mkwe? Niliirudisha kwenye rafu kabla mchumba wangu hajaiona. Dada yangu akasema nichukue tu wale Wazungu, yeye atawapaka rangi ya viatu.

Mwishowe rafiki akanielekeza kwa kijana anayefinyanga topa, yaani sanamu za juu ya keki, kwa ule udongo wa rangi unaookwa. Tulikubaliana shilingi 4,500. Nikamtumia 2,000 za kuanzia pamoja na picha tatu: mbili zangu za siku ya kuzaliwa, zile nilizopendeza, na moja ya mchumba wangu akiwa kazini. Baada ya wiki mbili akanitumia picha ya kazi yake kwa WhatsApp.

Shangazi, yule mwanamume ni yeye. Miwani, ndevu, hata lile sikio la kushoto lililochomoza kidogo. Ningeikuta imetandazwa Kibuye siku ya Jumapili ningesimama nikaita jina lake. Mwanamke aliyesimama kando yake simjui. Ni mwembamba, rangi ya chai ya maziwa, nywele zimemfika mabegani, na kichwa chake kinaishia kwenye bega la mume. Nikamwandikia fundi, "Huyu ni nani?" Akajibu, "Nimekupendezesha, madam. Wateja wengi hupenda hivyo."

Nikampa mchumba wangu simu aangalie. Akacheka kidogo akasema, "Si tuache tu hivyo? Ni pambo la keki. Halafu umetoka vizuri."

Umetoka vizuri. Nimelala na maneno hayo siku nne sasa.

Mama anasema nisisumbue watu kwa kitu kitakachokaa mezani saa mbili tu. Mwenyekiti wa kamati ameuliza hiyo 2,500 iliyobaki itatoka fungu gani la bajeti. Mama mkwe, ambaye ni mtu mzuri kwangu, wiki iliyopita aliniuliza kwa upole kama siku hiyo nitavaa viatu visivyo na kisigino.

Nauliza hivi: nimlipe fundi, au nimwachie hiyo arubuni tuachane? Kuna namna nyingine ya kupata sanamu inayofanana nasi sote wawili kabla ya Desemba? Na je, ni mimi ninayekuza jambo dogo?

Bibi Harusi Mtarajiwa, Kisumu

*

Shangazi anajibu

Binti yangu,

Hukuzi jambo. Barua yako nimeisoma mara mbili, mara ya pili nikiwa na rula mkononi, maana kabla sijakalia kiti hiki nilioka keki za harusi Nakuru kwa miaka mingi, na sanamu nilizozipandisha juu ya keki sina hesabu yake. Kwa hiyo leo watakujibu watu wawili, shangazi na mwokaji.

Mwokaji aanze. Keki ya juu kabisa aghalabu huwa na upana wa inchi sita, yaani sentimita 15 hivi. Sanamu inayokaa hapo bila kuonekana kama jitu lililopanda kibanda huwa na sentimita 12 au 13 kwenda juu. Mwili wa mtu mzima ni kama vichwa vyake saba na nusu, kwa hiyo mtu wa sentimita 12 angekuwa na kichwa cha sentimita 1.6. Hiyo ni punje ya karanga, mwanangu. Mafundi hukikuza kichwa kidogo, lakini hata ukikikuza mara mbili hakiwezi kubeba sura ya mtu. Macho ni vitone viwili, mdomo ni mchirizi mmoja wa wembe. Mgeni aliyekaa meza ya nne chini ya hema haoni uso. Anaona nani mrefu na nani mfupi, nani mnene, nani mweusi, nani ana nywele na nani hana, nani amevaa miwani.

Ndiyo maana yule kijana alimpatia mchumba wako: miwani, ndevu, sikio. Na wewe amekukosa kwa sababu hiyo hiyo. Amekuvua urefu, mwili, weusi na nywele fupi, na kwa ukubwa ule hakuna kingine cha kukutambulisha. Angekosea pua yako hakuna ambaye angejua. Kwa hiyo usikubali neno lake la "nimekupendezesha." Amefinyanga mtu mwingine akamsimamisha kando ya mchumba wako.

Lakini na wewe nikuulize. Hizo picha za siku ya kuzaliwa, "zile nilizopendeza," ulikuwa na wigi? Na simu iliyozipiga ilikuwa imeachwa kwenye ile hali ya urembo inayolainisha uso na kuung'arisha bila hata kuombwa? Naona kama nakuona ukinyamaza. Fundi hajawahi kukuona ukisimama. Kama picha mbili alizonazo zina mwanamke wa nywele ndefu aliyeng'arishwa na simu, amekatwa kiunoni, yuko peke yake fremu nzima, basi urefu wako angeujuaje? Rangi amefuata alichopewa. Kiuno peke yake ndicho alichokizua, na nadhani kakizoea kwa wateja waliomshukuru.

Kwa hiyo kabla ya kugombana, pigeni picha mpya. Simameni wote wawili kando kwa kando, nje, kivulini, si juani na si chini ya taa ya duka. Anayepiga arudi nyuma hatua tano na simu aishike usawa wa kiuno chenu. Akiishika juu atakufupisha wewe, akiishika chini atawafanya nyote minazi. Moja ya mbele, moja ya ubavuni, moja ya mgongoni, viatu vikionekana. Zimeni kila kichujio.

Sasa rula. Yeye akiwa sentimita 12, wewe ni 12.7. Milimita saba, unene wa penseli. Ni tofauti ndogo lakini jicho huishika mara moja, kwa kuwa mmesimama bega kwa bega. Ukiamua kuvaa kisigino cha sentimita saba, na yeye akabaki na viatu vyake vya kawaida, mwambie fundi 13.2. Unaona, swali la mama mkwe kuhusu viatu ni lazima lijibiwe kabla ya udongo kuingia ovenini, na wa kulijibu ni wewe. Mimi ningevaa viatu ninavyoweza kusimama navyo kutwa nzima, viwe na kisigino au visiwe nacho, na mama mkwe ningemjibu kwa upole uleule alioniulizia.

Habari njema ni kwamba udongo ule kuupunguza ni kazi, lakini husamehe kuongezwa. Huokwa kwenye joto la nyuzi 130 hivi, na ulioiva unaweza kubandikiwa mwingine mbichi juu yake ukarudishwa ovenini. Hata hivyo kwako nisingebandika viraka. Bwana harusi abaki kama alivyo, bibi harusi afanywe upya. Kama amewafinyanga wakiwa wameshikana mikono kazi itakuwa na ugumu wake, lakini mkono ni kitu kidogo, hukatwa na kufinyangwa tena. Mwandikie hivi, na usiongeze neno la hasira hata moja:

"Habari fundi. Bwana harusi umempatia kabisa, asante. Bibi harusi bado si mimi, kwa hiyo tumfanye upya. Nakutumia picha mpya. Bwana 12, mimi 12.7, wapime kwa rula. Nywele fupi kabisa. Mwili kama unavyouona, usinipunguze. Kabla ya kuanza, oka kipande kidogo cha rangi ya ngozi unitumie hicho kipande chenyewe, nikilinganishe na mkono wangu. Nikiona wawili hao kando ya rula, natuma salio."

Kipande chenyewe, si picha yake. Rangi kwenye kioo cha simu ni ya uongo, na udongo ukiokwa unaweza kubadilika kidogo. Fundi ampe mwendesha boda akuletee, ukiweke kwenye mkono wako mchana karibu na dirisha. Na mwambie achanganye udongo wenyewe upate weusi wako, asifinyange kwa mweupe halafu apake. Rangi ya juu hubanduka kwenye ncha za vidole na pua, kisha unabaki na bibi harusi mwenye mabaka.

Nani alipe kazi ya pili? Kama ulimpa picha za wigi, muongezee kitu, naye alikula muda wake. Kama picha zilikuwa wazi, bei ibaki ileile 4,500, kwa sababu uliagiza sanamu inayofanana nanyi na hujaipata. Akikataa katakata, mwachie arubuni na umshukuru kwa bwana harusi, ila usimlipe salio la mtu usiyemjua.

Sasa shangazi.

"Umetoka vizuri" ni maneno mabaya yaliyosemwa na mtu ambaye huenda hakuyapima. Nakubali kwamba mwanamume anayeonyeshwa simu baada ya kutwa nzima juu ya ngazi huona pambo, bei, na njia ya haraka ya kumaliza mjadala. Kumbuka pia ni yeye aliyetaka watu wanaofanana nanyi. Mwanamume anayekuonea haya hawezi kuomba umbo lako liwekwe juu ya keki mbele ya ukoo mzima. Lakini wewe ulichosikia ni kwamba yule mwembamba mweupe ndiye angependa kusimama naye, na maneno hayo yakishaingia hayatoki kwa kunyamaziwa. Siku nne ni nyingi tayari.

Usimuulize kama anakuona mnene. Swali hilo nimeliona likiwashinda wanaume wenye akili. Mfungulie ile picha ya fundi, umfunike bwana harusi kwa kidole gumba, umuulize, "Ungekuta huyu peke yake barabarani, ungemsalimia?" Mwache aangalie. Halafu mwambie hivi: kama fundi angenifinyanga mimi vilivyo, na wewe akakufanya jamaa wa futi sita asiye na miwani, mimi nikacheka nikasema umetoka vizuri, ungelala? Kisha unyamaze. Kunyamaza ndiyo sehemu ngumu.

Nadhani ataelewa. Akielewa, mambo yamekwisha, usimkumbushe tena kila mkigombana. Akisema hata baada ya hapo kwamba kwa kweli yule wa udongo ni mzuri zaidi, basi weka kando habari ya keki na uniandikie tena wiki hiyohiyo, maana hilo halitengenezwi na fundi.

Wapo watakaokuambia sanamu ya keki haijawahi kufanana na mtu, na historia iko upande wao. Malkia Victoria, huyo ambaye ziwa lako linaitwa kwa jina lake, alipoolewa mwaka 1840 alikatiwa keki ya ratili 300, karibu kilo 136. Juu yake waliwekwa yeye na Albert wakiwa wamevikwa mavazi ya Roma ya kale, wakibarikiwa na Britannia, yule mwanamke wa kuchorwa anayesimama badala ya Uingereza, na mbwa kwenye miguu ya bwana harusi kuwa alama ya uaminifu. Kanisani hakuna aliyekuwa amevaa shuka la Kirumi. Sawa, na wao waliridhika. Lakini nyinyi hamkuagiza Warumi. Na mama yako anaposema ni kitu cha saa mbili, mwambie kwa heshima kwamba keki italiwa siku hiyo, ila picha ya keki itakaa ukutani sebuleni kwake.

Kwa upande wa mwenyekiti wa kamati simlaumu hata kidogo. Watu wakichanga, wanachanga kwa ajili ya hema, chakula na magari. Hizo 2,500 zitoeni mfukoni mwenu, na jina la topa lisitajwe tena Alhamisi.

Uliniuliza pia kuhusu njia nyingine. Kama fundi atakuangusha, wiki ulizo nazo bado zinatosha. Nikutajie ninazoziamini.

Mwokaji wako mwenyewe anaweza kuwafinyanga kwa fondanti, ule mchanganyiko wa sukari unaofinyangika, iliyokazwa kwa unga wa CMC. Mwambie aanze na fondanti ya chokoleti au iliyotiwa kakao. Akianza na nyeupe atamwaga rangi nyingi mno kuufikia weusi wako, na fondanti italegea na kunata. Sanamu hizo zinataka kukauka wiki nzima au zaidi kabla ya siku, mahali pakavu, kamwe si kwenye friji. Ukiitoa friji ukaileta kwenye joto la Kisumu, hutoa jasho, uso unang'aa, na ndevu za mchumba wako zinateremka shingoni. Nimewahi kuona.

Kuna wanaotengeneza watu wadogo kwa maganda makavu ya mgomba. Mara nyingi hawa hawana uso kabisa, na wala hawauhitaji: ganda lenyewe ni la kahawia, la ndani jepesi na la nje jeusi zaidi, kwa hiyo wewe na yeye mnaweza kupata kila mmoja rangi yake bila tone la rangi ya dukani. Ni wepesi kama unyoya. Ukiwavika kipande cha kitenge kilekile cha mavazi yenu ya jioni, na miwani ya waya mwembamba kwa bwana harusi, hakuna atakayeuliza ni nani.

Wengine watakushauri jiwe la Kisii. Wachongaji wa Tabaka, huko Kisii, wanajua kuchonga wapenzi wawili waliokumbatiana bila pua wala macho na bado ukawatambua, na ukiwapelekea picha ya ubavuni wanaweza kuupata urefu wenu. Lakini jiwe lile kwa asili ni jeupe, la maziwa, la waridi au la kijivu, kwa hiyo weusi itabidi utiwe rangi. Na ni zito. Nakuru mteja aliniletea wapenzi wa jiwe la Tabaka, weupe wenye mshipa wa waridi, wametiwa nta wanang'aa. Niliwakalisha juu ya keki ya siponji kwa kukadiria kwa macho. Tulipofika Njoro walikuwa wamezama hadi magotini na keki imepasuka ubavuni kama nyumba iliyojengwa bila linta. Niliziba ufa kwa aisingi na mawaridi, MC akasema ni ubunifu, nami nikameza mate. Tangu siku hiyo kila kinachopanda juu ya keki yangu hupita kwanza kwenye mizani ya unga.

Ninayoipenda kuliko zote, na ambayo hakuna anayeifikiria, ni kivuli. Wachora mabango wenye mashine ya leza hukata akriliki nyeusi, ile plastiki ngumu, au ubao mwembamba kufuata mstari wa picha unayowapa. Kivuli hakina uso wa kupendezesha wala rangi ya kung'arisha, kina umbo tu. Wewe mrefu, yeye mfupi, kichwa chako cha nywele fupi, miwani yake ikichomoza juu ya pua. Nendeni ufukwe wa Dunga jioni, kabla ya saa kumi na mbili na nusu, msimame ubavu kwa kamera mkitazamana, jua liwe nyuma yenu likielekea majini. Simu itawafanya weusi tii yenyewe. Picha hiyo ndiyo ya kumpelekea mkata akriliki. Na kwa kuwa mtakuwa Dunga wawili tu na samaki anakaangwa, hapo ndipo mahali pa kile kidole gumba nilichokuambia.

Dada yako na rangi ya viatu yake akae mbali na keki. Ile si ya kuliwa, na kwenye joto huyeyuka ikashuka na aisingi. Hata udongo wa kuoka si chakula: sanamu isimame juu ya kisahani au kibao chake chembamba, isiguse keki, na kijiti kinachoingia ndani kivikwe mrija.

Mpigie mwokaji wako kesho umwambie mambo mawili, uzito wa sanamu na upana wa kitako chake. Atakata mirija minene minne iliyo sawa na kimo cha keki ya juu, aizamishe, na kibao kikae juu ya mirija, si juu ya keki. Kutoka Kisumu hadi Chavakali kuna matuta na kuna mlima wa kupanda, kwa hiyo sanamu isisafiri ikiwa juu ya keki hata kama mwokaji atakuapia. Iwekwe kwenye mkebe wa biskuti wenye pamba, ipakatwe na shangazi mmoja ambaye hachezi densi garini. Iwekwe kileleni keki ikishakaa mezani na mpiga picha akishafika.

Fundi akikutumia picha ya bibi harusi wa pili, nitumie na mimi. Hakikisha rula iko ndani ya picha.

Shangazi